Mchumba Mbosniaki: Uislamu wake ni wa dini au wa kabila?

Barua tatu za mwezi huu zimeangukia nchi moja ya Ulaya, Bosnia. Nadhani nimejitakia mwenyewe, maana toleo lililopita nilimtaja rafiki yangu wa Prijedor, mji wa huko, niliyefanya naye kazi miaka 14 katika nyumba ya wazee mjini Malmö, Sweden, kabla sijarudi nyumbani Tanga. Ya kwanza nimeijibu kwa urefu kwa sababu kuna vijana wawili wanangoja neno la mama.

SWALI: Assalamu alaikum dada. Mwanangu wa kiume yuko Stuttgart, Ujerumani, mwaka wa tano sasa. Amepata mchumba, binti wa Kibosnia aliyezaliwa hukohuko, wazazi wake asili yao Zenica. Niliposikia ni Muislamu nilishukuru Mungu. Nikazungumza naye kwa simu ya video, nikamwuliza kama anaswali. Akanijibu kwa adabu kabisa: "Mama, sisi ni Waislamu, lakini nyumbani kwetu hatuswali. Aliyekuwa akiswali ni babu." Siku ya Idi mwanangu akaalikwa kwao. Anasema walikula baklava, wakapeana mikono, watoto wakapewa pesa zao, na baada ya chakula baba mtu akatoa chupa ya pombe ya matunda. Tangu siku hiyo sina usingizi. Shemeji yangu anasema hao ni Waislamu jina tu, kwamba huko Uislamu ni kabila. Je, ni kweli? Nikubali au nikatae?
*Mama wa watoto wanne, Kisauni, Mombasa*

JIBU: Waalaikumu salaam dada yangu. Nianze na lisilo langu. Kama ndoa inasihi au haisihi, hilo ni la sheikh, na Mombasa masheikh hamjapungukiwa. Langu ni kukueleza watu unaotaka kuunga nao ukoo, maana nimekaa nao, nimekula kwao, na nimezika nao.

Shemeji yako kashika nusu ya jambo. Bosnia ina watu wa makundi matatu makubwa: Wabosniaki, Waserbia na Wakroatia. Wanasikilizana neno kwa neno, sura hazitofautiani, na sufuria zao zinapika vitu vilevile. Kilichowagawa ni dini ya mababu. Waosmani, watawala wa Kituruki, waliitwaa Bosnia mwaka 1463, na wenyeji wengi wakasilimu kidogo kidogo, nyumba hii leo, ya jirani baada ya kizazi kizima. Usidhani ni Waturuki waliohamia. Ni watu wa palepale. Dola la Osmani lilikuwa likiwapanga raia wake kwa dini, na mpango huo ukakaa mpaka ukaota mizizi. Zilipokuja siasa za utaifa, Mkatoliki wa Bosnia akajiita Mkroatia, wa Orthodoksi akajiita Mserbia, na Muislamu ndiye leo anayeitwa Mbosniaki.

Kwa hiyo wote watatu, dada, utaifa wao umetoka mlango wa ibada. Lakini Mserbia ambaye hajakanyaga kanisani tangu abatizwe, hakuna anayemwuliza kama kweli ni Mserbia. Mkroatia vilevile. Ni Mbosniaki peke yake anayetiwa kwenye mtihani: unaswali? unafunga? kama huswali, basi wewe nani? Anaulizwa na jirani yake Mkristo, na anaulizwa na sisi Waislamu wenzake wa mbali. Hilo linaniuma, na ndilo lililonikalisha na barua yako siku tatu.

Nikupe habari ya mtu mmoja. Baba wa rafiki yangu alikuwa fundi mgodini, mwanachama wa chama cha kikomunisti, sigara mdomoni hata mchana wa Ramadhani. Tarehe 31 Mei 1992, vita vya Bosnia vikiwa vimeanza, watawala wa Kiserbia waliokuwa wameuteka mji wa Prijedor waliamuru wasio Waserbia watundike vitambaa vyeupe kwenye nyumba zao, na wajifunge kitambaa cheupe mkononi wakitoka nje. Mama yake alichana shuka la kitandani. Rafiki yangu alikuwa na miaka 16, na huwa ananiambia kwamba sauti ya lile shuka likichanika imemkaa masikioni kuliko bunduki zilizofuata. Waliokuja kumchukua baba yake hawakumwuliza kama anaswali. Jina lilitosha.

Kambi zilifunguliwa penye kazi za kila siku: mgodi wa chuma wa Omarska, kiwanda cha vigae cha Keraterm, shule ya Trnopolje. Yaliyotendeka humo yalithibitishwa katika mahakama ya kimataifa ya The Hague. Mzee hakurudi. Mifupa yake ilitambuliwa baada ya miaka 21, katika kaburi la halaiki la Tomašica lililofukuliwa mwaka 2013. Nilikwenda na rafiki yangu mazikoni, Kozarac, Julai 2014. Majeneza yalipangwa uwanjani safu kwa safu, kila moja limefunikwa kitambaa cha kijani na lina namba. Yalikuwa mepesi, wanaume wawili wangeweza kulibeba moja, lakini yalipokezanwa juu ya mikono ya watu wengi mpaka kaburini, kila mtu akitaka kuligusa. Mtu ambaye maisha yake yote hakuswali akaswaliwa na maelfu.

Usiku ule nilimwuliza rafiki yangu kama baba yake angependa kuswaliwa. Akafikiri kidogo. "Babo hakuwa mtu wa msikitini," akasema. "Lakini hakuwa na mahali pengine."

Sasa sikiliza maneno yao, maana hapo utajiona mwenyewe. Swala ya maiti wanaiita *dženaza*. Sisi tumelichukua neno hilohilo tukalipa kitanda cha kubebea maiti, jeneza. Marehemu wanamwita *merhum*. Rafiki yangu hawezi kumtaja baba yake bila kutanguliza *rahmetli*, aliyerehemiwa, kama nisivyoweza mimi kumtaja mama bila kusema marehemu. Jiwe la kaburi ni *nišan*, nishani yetu. Wana *mevlud*, nayo ni maulidi, na wanasoma kwa lugha yao. Akifa mtu, wanawake wanakusanyika nyumbani wanasoma na kumwombea, wanaita *tevhid*. Nilipoingia mara ya kwanza nikawakuta wameketi na vitambaa kichwani, midomo inacheza, harufu ya halua inatoka jikoni, nilidhani niko Ngamiani, kwetu Tanga, kwenye hitima. Wengi waliokuwa chumbani humo hawaswali swala tano, nakuambia kweli. Na hakuna hata mmoja aliyekosea pa kuitikia amina.

Ndiyo maana sikubaliani na neno la shemeji yako, "jina tu". Jina ni kitu kizito kule. Chukua jina la rais wao wa kwanza, Alija Izetbegović: mbele Ali, katikati *beg*, cheo cha Kiosmani, mwishoni *-ović*, mkia wa Kislavoni unaosema "mtoto wa". Historia ya miaka 500 katika neno moja, na mwaka 1992 mtu aliweza kuuawa kwa ajili ya neno kama hilo. Msikiti wa Ferhadija mjini Banja Luka ulijengwa mwaka 1579. Ukalipuliwa usiku wa Mei 7, 1993, ukajengwa upya kwa mawe yaliyookotwa na mengine mapya, ukafunguliwa tarehe ileile mwaka 2016. Rafiki yangu, asiyejua vizuri rakaa za adhuhuri, alisafiri kutoka Malmö kwenda kusimama uani pale.

Turudi kwa binti. Amekujibu ukweli katika swali ambalo wengi wangekudanganya ili wapendeze. Mimi ningeanzia hapo. Amekwambia babu alikuwa akiswali. Katikati ya babu na yeye kuna karibu miaka 45 ya serikali ya kikomunisti ya Yugoslavia, ambayo ilifunga shule za kufundishia watoto Kurani na kuzifuta mahakama za kadhi. Mnyororo ulikatwa pete moja. Wapo waliouunga tena baada ya vita, kwa bidii kubwa, na wapo ambao hawakuuunga. Chupa ya baba yake ni haramu, sina neno la kuipamba. Nitakachokwambia ni kwamba wengi kama yeye wanakunywa hiyo *rakija* yao na nguruwe hawamgusi, na ukiwauliza kwa nini, hawana hoja, wana mama zao.

Mwambie mwanao aulize mambo mawili. La kwanza, kama ile familia imo katika *džemat*. Hiyo ni jamaa ya msikiti. Wabosniaki wa Ujerumani, Austria, Sweden na Marekani wamejenga nyingi, kila moja na imamu wake, chini ya Jumuiya ya Kiislamu ya Bosnia, ambayo mkuu wake anaitwa *Reis-ul-ulema*, cheo kilichopo tangu 1882. Wengi wanalipa ada ya džemat mwaka hadi mwaka na kuonekana msikitini Idi kwa Idi. Kama wamo, imamu anawajua, na sheikh wako anaweza kuzungumza naye. La pili, na ndilo kubwa, binti anataka watoto wake wawe nani? Mwanao ndiye amwulize, kwa upole, si wewe, si kwa simu ya video.

Na akija Mombasa akaswali pembeni yako, usishtuke ukimwona hanyanyui mikono kwa kunuti alfajiri. Wao ni wa madhehebu ya Hanafi, sisi Shafi. Hilo halina kasoro.

Umeniuliza ukubali au ukatae. Ningekuwa mimi ningemwita kwanza aje anywe kahawa. Kwao kahawa inaitwa *kahva*, na ile *h* ya katikati Wabosniaki wanaishikilia sana, maana Mserbia anasema *kafa*, Mkroatia *kava*.

SWALI: Shikamoo mama. Niko Dubai, nafanya kazi hotelini na jamaa wa Sarajevo. Nilimwita Mbosniaki, akakunja uso, akasema yeye ni Mbosnia, lakini si Mbosniaki. Ni Mkatoliki. Ananichezea akili au?
*Kijana wa Pangani*

JIBU: Marahaba mwanangu. Hachezi, amekusahihisha. *Bosanac*, Mbosnia, ni mtu yeyote wa Bosnia, awe wa dini yoyote. *Bošnjak*, Mbosniaki, ni mtu wa lile taifa moja lenye mizizi ya Kiislamu. Tofauti ni ya silabi moja lakini inafika mpaka ikulu. Katiba yao, iliyotoka kwenye mkataba wa amani wa Dayton wa mwaka 1995, inasema urais unashikwa na watu watatu: Mbosniaki mmoja, Mkroatia mmoja, Mserbia mmoja. Asiyekuwa miongoni mwa hao hagombei. Wawili walikwenda kushtaki katika Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya, Dervo Sejdić, ambaye ni Mroma, wa jamii ambayo wengine huiita Majipsi, na Jakob Finci, Myahudi. Wakashinda mwaka 2009, na katiba mpaka leo haijabadilishwa.

Kesi hiyo iweke akilini kwa sababu nyingine pia. Waroma wengi wa Bosnia ni Waislamu, wanazikwa kwa dženaza kama Wabosniaki, na bado si Wabosniaki. Kwa hiyo Uislamu peke yake haumfanyi mtu kuwa Mbosniaki. Mwombe radhi jamaa yako, mwite kwa jina lake, yaishe.

SWALI: Shikamoo Bibi. Mimi nafundisha historia sekondari. Nimesoma mahali kwamba Yugoslavia, nchi ya wakomunisti, ilitambua rasmi taifa linaloitwa "Waislamu". Wanafunzi wangu walicheka, na mimi sikuwa na jibu. Serikali isiyoamini Mungu iliwezaje kuanzisha taifa la dini?
*Mwalimu, Dodoma*

JIBU: Marahaba mwalimu. Swali zuri kuliko yote, na wanafunzi wako usiwalaumu.

Kwanza neno. Wao wanasema *narod*, watu wenye asili na historia moja. "Kabila" letu halilifikii na "taifa" linalipita, lakini nitatumia taifa. Yugoslavia ilikuwa muungano wa mataifa ya namna hiyo: Waserbia, Wakroatia, Waslovenia, Wamasedonia, Wamontenegro. Katikati, Bosnia, walikuwapo watu zaidi ya laki saba ambao hawakuingia katika chumba chochote. Kila upande ulidai ni wake. Belgrade, mji mkuu wa Serbia, ilisema hao ni Waserbia waliosilimu. Zagreb, mji mkuu wa Kroatia, ikasema ni Wakroatia waliosilimu. Wenyewe waliulizwa mara chache.

Fuata sensa, mwalimu, utaiona hadithi yote. Mwaka 1948 waliwekewa nafasi tatu: Mserbia wa Kiislamu, Mkroatia wa Kiislamu, au Muislamu asiyejitambulisha. Ndani ya Bosnia takriban elfu 72 wakachagua ya kwanza, elfu 25 ya pili. Hao wengine zaidi ya laki saba wakachagua ya tatu. Jaribu kufikiria darasa lako, umewapa wanafunzi majibu mawili ya kuchagua, na karibu wote wameandika "hakuna hata moja". Mwaka 1953 nafasi hiyo ikaondolewa, wakaambiwa waandike "Myugoslavia asiyejitambulisha". Karibu laki tisa wakaandika hivyo Bosnia. Mwaka 1961 fomu ikalegea: "Waislamu kwa maana ya asili". Mwaka 1968 kamati kuu ya chama cha kikomunisti cha Bosnia ikakiri kwamba Waislamu ni taifa kamili, na sensa ya 1971 ikawahesabu hivyo: asilimia 39.6 ya watu wa Bosnia, kundi kubwa kuliko yote nchini. Kwa hiyo chama hakikuanzisha taifa. Kilichoka kulikana, baada ya miaka 20 ya fomu kurudi na jibu lilelile.

Kwa nini jina la dini? Kwa sababu "Mbosnia" lilikuwa la wote, Waserbia na Wakroatia wa Bosnia wasingekubali liwe la mmoja. Waaustria walijaribu mapema zaidi. Benjamin Kállay, aliyeitawala Bosnia kutoka 1882 hadi 1903, alitaka watu wote wa Bosnia wawe taifa moja la Kibosnia, na hakufanikiwa. Likabaki jina ambalo majirani walikuwa wakiwaitia siku zote, Waislamu. Wenye ndugu Buyenzi, Bujumbura, au Biryogo, Kigali, hawatashangaa. Huko kwa miaka mingi ukisema "Mswahili" mtu alisikia "Muislamu", na ukisema "Muislamu" alisikia "Mswahili", hata kama mwenyewe alizaliwa Mhutu au Mtutsi.

Wakomunisti wakatafuta njia ya kulitenga taifa na dini, na njia yenyewe ilikuwa herufi. Katika uandishi wa lugha yao, jina la watu huanza kwa herufi kubwa na jina la wafuasi wa dini kwa herufi ndogo. *Musliman* wa M kubwa ni mtu wa taifa lile. *musliman* wa m ndogo ni mfuasi wa Uislamu. Mualbania wa Kosovo anayeswali swala tano alikuwa wa m ndogo tu. Mkomunisti wa Prijedor asiyeamini chochote alikuwa wa M kubwa. Imamu wa Sarajevo alikuwa vyote viwili. Sisi kwa Kiswahili tunaandika Muislamu kwa herufi kubwa siku zote, ndiyo maana ulichosoma kilikuchanganya. Tafsiri imekula tofauti yenyewe. Na hata kwao tofauti hiyo ilikuwapo kwenye karatasi tu. Ukilitamka, hakuna sikio linalosikia M kubwa.

Mnamo Septemba 1993, Sarajevo ikiwa imezingirwa na mizinga ikipigwa, wasomi, wanasiasa na viongozi wa dini walikutana katika hoteli moja mjini humo wakakubaliana: kuanzia sasa sisi ni Wabosniaki. Jina si jipya, lilikuwapo tangu enzi za kale. Lilirudishwa ili dunia ijue kuna watu wanaouawa, wenye nchi, lugha na historia, kwa sababu habari zilikuwa zikisema "Waislamu" na msikilizaji wa Ulaya alidhani ni ugomvi wa madhehebu. Sensa ya 2013 iliwapata Wabosniaki asilimia 50.1 na wafuasi wa Uislamu asilimia 50.7. Waonyeshe wanafunzi namba hizo mbili ubaoni, jinsi zilivyokaribiana na jinsi zilivyokataa kulingana. Na waambie pia kwamba Montenegro wapo hadi leo wanaojiandikisha Muislamu kama taifa, M kubwa, hawataki jina jipya.

Rafiki yangu ana fomu ya kazi ya baba yake, ya mwaka 1974. Mama yake alitoka nayo Prijedor ameishonea ndani ya koti. Imekunjwa mara nne, mikunjo imetoboka. Alinionyesha jikoni kwake Malmö, kaiweka mezani mbali na birika la kahawa isije ikalowa. Mahali pa dini hapakuwapo kwenye fomu ile, serikali haikutaka kujua. Mahali pa taifa mzee alijaza kwa mkono wake, wino wa buluu: *Musliman*. Rafiki yangu akaweka ukucha chini ya herufi ya kwanza.

"Iangalie," akaniambia. "Kaiandika kubwa mpaka imetoka nje ya mstari."